Shahidi iko wapi? Swali la agronome juu ya kutibu roho kwa maneno



Tangu niseme hapa kwamba nilifanya miezi mine kama msaidizi wa kisaikolojia, wale tunaita APS, wenzangu wengi wananiuliza: agronome alitafuta nini kule? Jibu la kwanza ni fupi. Nilitafuta mshahara. Sisi wote tunajua vile inakuwaga. Unamaliza lisansi, unapeleka karatasi zako ku ONG kumi, na ile inayokuita haikuulizi ulisoma nini. Inakuuliza kama unajua lugha ya kijiji na kama unaweza kukaa juu ya pikipiki siku nzima. Jibu la pili ni refu, na njo nimeamua kuliandika.

Tarehe 4 mwezi wa tano 2023, mvua kubwa ilinyesha mu milima ya Kalehe, mito ikafurika, maji na mawe vikashukia Bushushu na Nyamukubi. Watu zaidi ya 400 walikufa, na wengine wengi hawakuonekana tena. Sisi tulifika siku chache kiisha. Nilikuwa nimepata mafunzo ya siku tatu kule Bukavu, na kitabu kidogo chenye hatua saba. Kazi yenyewe ilikuwa hivi: unakusanya watu kumi au kumi na tano, wanakaa duara, kila mmoja anaeleza alikuwa wapi maji yalipokuja, aliona nini, alifikiri nini, kitu gani kilimuumiza zaidi, na sasa anasikia nini mu mwili. Mwishoni unawaambia kwamba kukosa usingizi na kushtuka-shtuka ni kawaida, unawaaga. Saa mbili, pengine tatu. Mara moja tu, halafu duara inayofuata.

Mu duara yangu ya pili kulikuwa mama mmoja wa miaka hamsini hivi. Zamu yake ilipofika, alinyamaza. Kitabu kilisema mtu asilazimishwe, lakini ukurasa uliofuata kilisema kwamba anayenyamaza amefunga maumivu ndani na yatamuharibu kesho. Mimi nikachagua ukurasa wa pili. Nikamwambia kwa upole, "Mama, sema tu, ukisema utapata nafuu." Akaniangalia. "Mwanangu, niseme nini? Mawe yale si unayaona?" Nikangoja. Wote wakangoja. Kiisha akasema. Alisema yote: mjukuu, mkono aliokuwa ameushika, maji. Mama mwingine aliyekaa pembeni yake, ambaye kwake hakuna aliyekufa, akaanza kutetemeka.

Jioni tulijaza fomu. Swali la mwisho lilikuwa: kikao kimekusaidia? Karibu wote walijibu ndiyo. Wengine walitushukuru sana, wakatuombea kwa Mungu. Ripoti ikaenda Bukavu, ikasifiwa.

Ile "ndiyo" njo ilininyima usingizi, na sababu yake ni maharage.

Ku kazi yangu ya mwisho wa masomo nilijaribu mboji ya majani ya tithonia, yale maua ya manjano yanayoota kando ya barabara zetu zote. Mkulima aliyenipa shamba alifurahi kupita kiasi. Mavuno yalikuwa mazuri kuliko mwaka uliotangulia, akaita majirani waje kuona. "Agronome, dawa yako iko kali!" Lakini pembeni ya vipande vya mboji nilikuwa nimeacha vipande vingine bila kitu, vile walimu wetu wanaviita kwa Kifaransa témoin, maana yake shahidi. Nilipopima, vipande vya shahidi vilikuwa vimezaa karibu sawasawa na vile vya mboji. Mwaka ule mvua ilikuja kwa wakati wake, basi. Mkulima hakudanganya. Mavuno aliyaona kweli, na shukrani yake ilitoka moyoni. Alikosea ku sababu peke yake. Bila shahidi na mimi ningekosea pamoja naye, tena ningepata na alama nzuri.

Sasa, duara zetu za Kalehe zilikuwa na shahidi gani? Hakuna. Tulipima watu mara moja, dakika tano baada ya kikao, mbele ya vijana waliovaa gile ya ONG. Kule nyumbani mkulima anayekupokea hawezi kukuambia usoni kwamba mbolea yako haina kazi, sembuse mtu aliyepoteza nyumba na anayengoja kujua kama jina lake liko ku orodha ya mablanketi.

Wengi wetu hatujui kwamba hili swali la shahidi lilitoka shambani likaenda hospitali. Aliyelifundisha dunia ni Ronald Fisher, Mwingereza aliyeingia mwaka wa 1919 ku kituo cha utafiti wa kilimo cha Rothamsted. Aliona kwamba haitoshi kuacha kipande bila mbolea. Lazima kura ichague kipande kipi kipate, kwa sababu mtafiti, hata akiwa mtu mwaminifu, mkono wake utaipeleka mbolea pale udongo ni mzuri. Mwaka wa 1948 Austin Bradford Hill na wenzake walitangaza jaribio lao la streptomisini kwa wagonjwa wa kifua kikuu, ambapo kura njo iliamua nani apate dawa na nani atunzwe bila dawa hiyo. Kidonge anachokupa daktari leo kimepita njia ambayo ilifunguliwa mu ngano na viazi. Ruhusuni agronome ajivune kidogo.

Ku upande wa kutibu kwa maneno, mambo yalianza vingine. Mwaka wa 1895 Josef Breuer na Sigmund Freud walitoa kitabu juu ya histeria. Mgonjwa wao wa kwanza, waliyemuita Anna O., alikuwa ametibiwa na Breuer kuanzia 1880 mpaka 1882, na wakaeleza kwamba kila aliposimulia asili ya dalili fulani, dalili ile ilikwisha. Kutoka pale wazo likaenea: maumivu yaliyofungwa ndani ni kama usaha, lazima yatolewe. Leo unalisikia mpaka mu mahubiri. Lakini mwaka wa 1972 mwanahistoria Henri Ellenberger alionyesha kutoka ku karatasi za hospitali kwamba msichana huyu, jina lake la kweli Bertha Pappenheim, mu mwezi wa saba 1882, mara tu matibabu yalipokwisha, alilazwa ku nyumba ya wagonjwa ya Kreuzlingen kule Uswisi akiwa bado mgonjwa. Baadaye alipona na akawa mtu mkubwa mu kazi ya kutetea wanawake wa Kiyahudi wa Ujerumani. Lakini mfano uliofungua njia ulikuwa kipande kimoja, bila shahidi, na mavuno yake yakaandikwa vingine.

Kitabu chetu cha hatua saba nacho kina baba yake. Jeffrey Mitchell, wa Maryland kule Marekani, aliwahi kufanya kazi na wazima-moto na magari ya wagonjwa, na mwaka wa 1983 alitoa njia yake ya kuwakusanya wafanyakazi wa dharura baada ya tukio baya ili wasimulie pamoja. Muone vizuri: ilitengenezwa kwa watu wa kazi moja, wanaojuana, waliochagua kazi hiyo. Kutoka pale ikapelekwa kwa waliopata ajali, walioungua, waliovamiwa, mmoja mmoja, mu nchi nyingi. Mitchell na wenzake walilalamika baadaye kwamba njia yao haikutengenezwa kwa hiyo. Malalamiko hayo hayakufika mu chumba chetu cha mafunzo.

Basi watu wakaweka shahidi. Kule Cardiff, Jonathan Bisson na wenzake walichukua watu walioungua moto waliolazwa hospitali. Kura ikawagawa: wengine wakapata kikao cha kusimulia, wengine hawakupata. Matokeo yalitoka 1997. Baada ya miezi 13, waliokuwa na ugonjwa wa kiwewe ku kundi la kikao walikuwa 26 ku mia. Ku kundi la shahidi, 9 ku mia.

Soma tena hizo namba polepole. Mimi nilizisoma usiku mmoja ku simu, bando ikiwa karibu kwisha, na kitu cha kwanza nilichofanya ni kutafuta kosa. Na kosa fulani liko: kundi la kikao lilikuwa na watu walioungua zaidi, na lilianza likiwa na dalili nyingi zaidi. Kura haigawi sawasawa kila mara, hiyo kila agronome anajua. Unaweza kurusha kura vizuri na mboji bado ikaangukia upande wenye mawe. Kwa hiyo Cardiff peke yake isingenitosha. Lakini kule Oxford walifanya vilevile na watu wa ajali za barabarani, wakawafuata miaka mitatu, matokeo yakatoka 2000. Wale walioanza na dalili nyingi na hawakupata kikao, wengi walipata nafuu. Wale walioanza na dalili nyingi wakapata kikao, miaka mitatu bado walikuwa nazo. Mwaka wa 2002 majaribio ya namna hii yalikusanywa ku mapitio ya Cochrane, na waandishi wake wakasema kumlazimisha mtu aliyepatwa na janga kupita mu kikao kama hicho kukomeshwe. OMS nayo inasema kwamba isitumike kwa waliopatwa na janga karibuni kama njia ya kuwakinga na kiwewe.

Juu ya nini kusimulia kungeumiza? Wameeleza kwa namna mbalimbali. Mtu anaweza kurudishwa ndani ya tukio kabla mwili haujatulia, halafu anaachwa pale, kwa sababu kikao ni kimoja na wewe unapanda pikipiki yako. Anaweza kubeba ya wengine juu ya yake, kama yule mama wa pembeni. Anaweza kufundishwa kungoja dalili ambazo hakuwa nazo. Lakini kwangu muhimu zaidi ni jambo jingine: watu wengi baada ya janga wanapona bila sisi. Wanakaa na jamaa, wanafanya matanga, wanaimba, wananyamaza wanapotaka kunyamaza, wanalima tena. Hiyo njo mvua nzuri. Ukija na mboji yako mwaka wa mvua nzuri, utaona mavuno, na utasema ni mboji.

Na shukrani? Kuna jaribio la zamani ambalo kila mtu wa ONG angepaswa kulijua. Mwaka wa 1935, karibu na Boston kule Marekani, daktari Richard Cabot alianzisha mradi wa kuwasaidia watoto wanaume wasije kuwa wahalifu. Watoto 506 walipangwa wawili wawili waliofanana, kwa umri, familia, mtaa, na sarafu ikarushwa: mmoja apate msaada, mwenzake asipate. Hao waliobahatika walipewa mshauri wa kuwatembelea nyumbani kama mara mbili kwa mwezi, masomo ya ziada, daktari, hata kambi za likizo, kwa wastani wa miaka mitano na zaidi. Joan McCord akawatafuta walipokuwa watu wazima, akatoa matokeo 1978. Theluthi mbili hivi ya waliosaidiwa walisema mradi uliwafaa. Halafu akaangalia mashahidi, wale wenzao. Waliosaidiwa walikuwa na dalili nyingi zaidi za ulevi, waliorudia uhalifu walikuwa wengi zaidi, na waliokufa walikuwa wamekufa mapema zaidi. Ku hesabu zake hakuna hata kitu kimoja walichowashinda wenzao.

Mimi sijui jaribio la shamba lililonishtua hivyo. Watu walishukuru kitu ambacho hakikuwasaidia, na pengine kiliwaharibu, na bila ile sarafu mradi ungekuwa mfano wa kuigwa mpaka leo.

Pale njo marafiki wengine wananikatiza. "Kumbe umeona! Hiyo psychologie yote ni biashara ya wazungu, mtu asali tu." Apana. Hapo mnanipeleka pahali sikwendi. Nimeona mu kartiye yetu kijana aliyekuwa anasikia sauti amefungwa mnyororo mu chumba cha maombi miezi miwili, na familia ikisema imepona kwa sababu amenyamaza. Chumba kile nacho hakina shahidi. Swali ninalomuuliza mtu wa kitabu cha hatua saba, namuuliza nabii, nauliza na coach wa mtandaoni anayewaambia wasichana wetu kwamba kila mchumba anayechelewa kujibu ujumbe ana trauma ya utoto.

Tena swali hilo likiulizwa vizuri, mara nyingine linajibu ndiyo. Na jibu moja kati ya yale makubwa lilitoka hapa kwetu. Wanawake wa Kivu waliobakwa mu vita walishiriki jaribio ambalo matokeo yake yalitangazwa 2013 ku gazeti la kitabibu la New England Journal of Medicine, na Judith Bass na wenzake. Kura haikurushwa kwa mtu mmoja mmoja, ilirushwa kwa vijiji. Vijiji 7, wanawake 157, walipata tiba ya kikundi. Vijiji 8, wanawake 248, walipata msaada wa kawaida wa mtu na mshauri wake. Shahidi hapa hakuachwa mikono mitupu, na hiyo ni heshima. Miezi sita baada ya tiba kwisha, ku vijiji vya tiba waliobaki na dalili nzito za huzuni au wasiwasi walikuwa 9 ku mia. Ku vijiji vingine, 42 ku mia.

Niko na maswali yangu hata hapo. Vijiji 15 ni vipande vichache, na makundi mawili hayakuanza sawasawa. Lakini tofauti ni kubwa, na angalia vile tiba ile ilivyokuwa. Haikuwa ya siku ya tano baada ya janga. Vikao vilikuwa 12. Washauri walikuwa wanawake wa hapa hapa, si madaktari, lakini walifundishwa na wakaendelea kusimamiwa kazi ikiendelea. Na kitu kilichonifanya niweke simu chini: hakuna aliyeombwa kusimulia tukio lenyewe. Walifanya kazi juu ya mawazo yanayobaki nyuma, kama lile la "kosa ni langu", wakajifunza kuyapima kama ni kweli. Kitabu chetu kilituambia kwamba kusimulia njo dawa. Tiba iliyoshinda ku ardhi yetu iliweza kufanya bila kusimulia.

Kwa hiyo wewe unayeitwa kesho kwa kazi ya APS, usiikatae kwa sababu yangu. Nyumba ina kodi. Lakini ku siku ya mafunzo, inua mkono. Uliza njia hii ililinganishwa na nini, kwa watu gani, na walipimwa baada ya muda gani. Uliza nani atarudi kuona yule aliyelia. Kama jibu ni "wanufaika wanafurahi", ujue umejibiwa kitu kingine. Na kama uko tayari mu duara na mtu amenyamaza, muache anyamaze. Mwongozo wa OMS wa 2011 juu ya huduma ya kwanza ya kisaikolojia unasema hivyo: angalia nani ana shida ya haraka, sikiliza anayetaka kusema bila kumsukuma, muunganishe na jamaa zake na huduma zilizopo. Maji, blanketi, simu ya kupiga kwa ndugu ya Goma, habari ya kweli juu ya maiti zinatafutwa wapi. Anayeendelea kuteseka baada ya wiki nyingi, huyo apelekwe kwa mtu aliyefundishwa. Mu siku tatu za mafunzo hatukusikia neno moja juu ya hilo.

Nilimkuta yule mama mara moja tena, mu mwezi wa saba. Siwezi kuwaambia kwamba nilimuharibu. Naye ni kipande kimoja, sina shahidi wake. Alikuwa hajalala vizuri tangu mwezi wa tano, lakini nani kule alikuwa analala? Alinisalimia kwa upole, akauliza kama ONG yangu inatoa mbegu ya maharage. Nikamuuliza kama ile siku ya duara ilimsaidia. Akafikiri. "Mulitupatia sabuni," akasema. "Sabuni ilisaidia, papa."

Wiki ile nilimwandikia mkubwa wangu. Nilipendekeza kwamba tuache kikao cha hatua saba, au kama hatuwezi kuacha, vijiji vinavyofuata tuvipigie kura, nusu vianze na msaada wa vitu na kutembelewa, tupime baada ya miezi mitatu. Alijibu kwa heshima kwamba moduli imekubaliwa tayari na mfadhili. Mkataba wangu ulikwisha mu mwezi wa nane na haukufanywa upya. Pengine kwa sababu hiyo, pengine kwa sababu pesa zilikwisha, hata hapo sina shahidi.

Mwongozo wa OMS uko bure, na wa Kifaransa upo. Anayeutaka aniandikie hapa chini, nitamtumia ku WhatsApp, hauchukui bando nyingi.